Mwezé Ngangura: mtoto wa Bukavu aliyetaka kwanza tucheke



"Kwetu sinema haiko." Neno hili nalisikia kila mara hapa mjini, hata kwa watu wenye lisansi mkononi. Ukitaja sinema, mtu anafikiri Nigeria, anafikiri Bongo Movie ya Dar es Salaam, au zile filamu za kivita ambazo mtu mmoja anazitafsiri kwa sauti yake juu ya sauti za waigizaji wote. Akijikaza kukumbuka Kongo, anakumbuka maigizo ya Kinshasa kwenye televisheni, basi.

Lakini mwaka 1999, tuzo kubwa kuliko zote katika sinema ya Afrika, Étalon de Yennenga, ilichukuliwa na mtu aliyezaliwa Bukavu. Si Kinshasa, si Lubumbashi. Bukavu hapa hapa, kilomita mia na kidogo kwa barabara kutoka Uvira. Jina lake ni Mwezé Ngangura. Alikuwa Mkongomani wa kwanza kuipata. Mimi nimesoma historia miaka mitano na hakuna somo hata moja lililomtaja. Kwa hiyo leo naomba nimsimulie, kwa sababu kazi yake ina swali ambalo sisi vijana wa Kivu tutalazimika kulijibu siku moja: mtu akitaka kuonyesha watu wake kwenye sinema, aanze na nini? Machozi yao au kicheko chao?

Alizaliwa wakati Mweusi alikuwa anachaguliwa filamu ya kuangalia

Ngangura alizaliwa mwaka 1950. Huo ni wakati wa Wabelgiji, na hapo lazima tusimame kidogo, maana bila kuelewa wakati ule huwezi kuelewa mtu huyu alikuwa anakimbia nini.

Serikali ya kikoloni iliogopa sinema. Iliona kwamba Mwafrika akimwangalia Mzungu anaiba benki, anapigwa ngumi au anambusu mke wa mtu, heshima yote ya Mzungu itaanguka. Mwaka 1945 ikaweka sheria: kumbi za kawaida ni za Wazungu na Waasia; Mwafrika anaingia tu pale ambapo filamu imechunguzwa na kuruhusiwa kwa ajili yake. Na kwa sababu filamu za kumfaa "mwenyeji" hazikutosha, wakaanza kuzitengeneza. Serikali ilitengeneza zake, na mapadri walitengeneza zao. Bukavu kwenyewe kulikuwa na kituo cha mapadri cha kutengeneza filamu. Gari linafika misheni, shuka jeupe linatundikwa, injini ya umeme inalia, watu wanakaa chini. Halafu wanafundishwa: oga, fanya kazi, usilewe, mpende mke wako mmoja.

Wazee wetu wengi walicheka sana mbele ya mashuka hayo. Lakini tuangalie vizuri walikuwa wanacheka nini. Kwenye filamu hizo Mweusi mjinga njo anachekesha, na Mweusi mtiifu njo anashinda. Kicheko kilikuwepo, ila mwenye kukipanga hakuwa sisi. Uhuru ulipokuja mwaka 1960, Kongo ilikuwa na watu waliozoea sinema, lakini karibu haikuwa na mtu wake hata mmoja aliyefundishwa kuiongoza.

Brussels, Kinshasa, halafu Brussels tena

Miaka ya mwanzo ya 1970 kijana Ngangura alikuwa Ubelgiji, kwenye IAD, shule kubwa ya sinema na utangazaji ya nchi ile. Alipomaliza hakubaki kule. Alirudi Kinshasa akawa mwalimu wa sinema.

Ni Zaire ya Mobutu hiyo. Wazee wanakumbuka: kila jioni kabla ya habari, uso wa Rais unashuka kutoka mawinguni kwenye televisheni ya taifa. Kamera zilikuwepo, tena nyingi, lakini zilikuwa na bosi mmoja. Mtu mwenye ujuzi wa sinema alikuwa na njia mbili tu: apige picha za sherehe za chama, au atafute mlango wake mwenyewe.

Ngangura alitafuta mlango. Mwaka 1980 alitengeneza filamu fupi juu ya Chéri Samba, mchoraji wa mtaani aliyekuwa bado hajajulikana duniani kama alivyojulikana baadaye. Mwaka 1982 ikafuata *Kin Kiesse*, picha ya jiji la Kinshasa yenyewe: baa, muziki, foleni, mavazi, ujanja wa kila siku, na yule yule Chéri Samba akiwa kama mwenyeji anayekutembeza mjini. Angalia alichofanya hapo. Katika nchi ambamo picha zote zilikuwa zinaangalia juu, kwa mkubwa, yeye aliigeuza kamera ikaangalia chini, kwa mtu anayechora vibao vya matangazo. Hakumtukana mkubwa wala hakumtaja. Alimpita tu kama mtu anayempita mlinzi aliyelala.

Katikati ya miaka ya 1980 alihamia Brussels na kufungua kampuni yake, Sol'Œil Films. Kuanzia hapo akawa mtengeneza filamu wa kujitegemea kwa maana kamili: hana mshahara wa serikali, hana studio nyuma yake, kila filamu anaanza upya kutafuta pesa kama mtu asiyewahi kufanya kazi hiyo.

La Vie est belle: kijana anayetaka tu kuimba

Mwaka 1987 ikatoka filamu ambayo wengi wetu tunaijua bila kujua mwenyewe: *La Vie est belle*, "Maisha ni matamu". Aliiongoza pamoja na Mbelgiji Benoît Lamy. Mwigizaji mkuu ni Papa Wemba mwenyewe, akiwa kijana, kabla ya umaarufu wa dunia nzima. Huyu ndiye Papa Wemba aliyeanguka jukwaani Abidjan na kufa, Aprili 2016.

Hadithi yake ni rahisi. Kourou ni mwanamuziki maskini kutoka kijijini. Ameambiwa muziki wa sasa ni wa umeme, na umeme uko Kinshasa. Anashuka mjini, anapata kazi ya uboi kwa tajiri mmoja mwenye klabu ya muziki. Anampenda msichana, Kabibi. Kumbe tajiri naye anamtaka huyo huyo awe mke wa pili, kwa sababu nguvu za kiume zimemwishia na mganga amemwambia dawa ni kuoa bikira. Kutoka hapo ni mkorogo mtupu: mke mkubwa anapanga yake, mganga anapanga yake, boi anakimbia huku na huku. Mwishoni Kourou anaimba.

Mtu akikueleza hivyo utasema, hii ni komedi ya kupotezea muda. Wako waliosema hivyo wakati ule. Sinema ya Afrika ya miaka ile ilikuwa na sura ya mwalimu: inalaumu ukoloni, inalaumu wakubwa wapya, inatetea mwanakijiji. Ilikuwa sinema ya heshima, na wakubwa wake, kama Sembène Ousmane wa Senegal, hatuwezi kuwadharau hata kidogo. Ngangura hakuwapinga juu ya ukweli wa mambo. Aliuliza swali la mtu wa soko: nani ameingia kuangalia? Filamu nyingi za Kiafrika zilikuwa zinashangiliwa kwenye tamasha za Ulaya, huku kwenye kumbi za Afrika watu wamejaa mbele ya karate ya Hong Kong na mapenzi ya Kihindi. Aliandika hata makala juu ya jambo hili, akiuliza kama sinema ya Afrika ni ya harakati au ya burudani. Kwa upande wake jibu lilikuwa wazi: kama mtu hakukaa kwenye kiti, ujumbe wako umemfikia nani?

Mimi nilipoiangalia mara ya kwanza, kwenye simu, kwa fleshi niliyoazimwa na rafiki wa Kavimvira, nilicheka tu. Mara ya pili nikaanza kuona mengine. Tajiri anapewa heshima yote kwa sababu ya gari, na gari lenyewe lina mwili wake unaomdanganya. Mtu wa mjini anajifanya hamjui mtu wa kijijini, lakini ngoma anayoicheza imetoka kule kule. Hakuna hotuba hata moja, na bado ukimaliza unaijua Zaire ya miaka ya 1980 kuliko baada ya kusoma kurasa hamsini za silabasi. Na tofauti na mashuka ya misheni, hapa maskini hachekwi kwa sababu ni mjinga. Tunacheka pamoja naye, kwa sababu amewashinda ujanja wote.

Hicho njo naona kuwa kazi kubwa ya Ngangura: aliwarudishia watu kicheko kilichokuwa mali ya wengine.

1994: alirudi kwao kabla nyumba haijaungua

Sasa nafika kwenye filamu ambayo watu hawaitaji sana, nami naiona kuwa muhimu kuliko zote kwetu sisi wa Kivu ya Kusini.

Mwaka 1994 alitoa filamu ya kweli, isiyo ya kuigiza, inaitwa *Le Roi, la vache et le bananier*: "Mfalme, ng'ombe na mgomba". Ndani yake anarudi kwao Bushi, kwenye ufalme wa Ngweshe, upande wa Walungu. Jina linaeleza yote. Kwa Mshi, mambo matatu yanashika nchi: mwami, ambaye ardhi yote inatoka mkononi mwake; ng'ombe, ambaye ndiye mahari, ndiye heshima, ndiye malipo ya *kalinzi* ili upate shamba; na mgomba, ambao unazunguka nyumba, unalisha, unatoa kasiksi ya sherehe na unamficha mtu kivulini. Mtoto aliyesomea Ulaya anarudi kuuliza ndugu zake mambo ambayo angeyajua kama asingeondoka.

Tuweke filamu hiyo kwenye kalenda yetu. 1994 ni mwaka ambao maelfu kwa maelfu ya wakimbizi walivuka kutoka Rwanda wakajaza Bukavu, Goma, na bonde letu la Ruzizi. Miaka miwili baadaye, Oktoba 1996, vita vikaanzia huku kwetu. Uvira ilianguka kabla mwezi haujaisha, na Bukavu ikafuata baada ya siku chache. Tangu hapo hatujapata pumzi ndefu. Ng'ombe wa Bushi waliliwa na majeshi ya kila rangi. Familia ziliacha migomba na kukimbilia mjini.

Kwa hiyo filamu iliyoonekana kama ziara ya mtu nyumbani kwao imekuwa kitu kingine kabisa. Ni ushahidi wa jinsi nchi ilivyokuwa kabla. Ngangura hakuwa nabii, hakujua kinachokuja. Alifanya tu kile ambacho mtengeneza filamu asiye na bosi anaweza kukifanya: kupoteza muda wake juu ya mambo ambayo hakuna gazeti lingeyaita habari. Mwandishi wa habari anakuja kijijini siku ya mauaji. Huyu alikuja siku ya kukamua ng'ombe. Baada ya miaka thelathini, watoto wa Walungu wanahitaji picha zote mbili, lakini ile ya pili njo imekuwa adimu.

1999: furaha Ouagadougou, kilio Makobola

Filamu iliyompa tuzo ni *Pièces d'identités*, ya mwaka 1998. Mani Kongo, mfalme mzee wa Bakongo, anasafiri kwenda Brussels kumtafuta binti yake Mwana, ambaye alimtuma kule akiwa mtoto mdogo ili asome awe daktari, na habari zake zimekatika. Mzee anashuka uwanja wa ndege na kofia yake ya ufalme na fimbo yake. Kwake anapigiwa magoti. Kule ni mzee mmoja mweusi kati ya wengi anayeulizwa karatasi. Vitu vyake vya ufalme vinaingia mikononi mwa mfanyabiashara wa vitu vya kale. Binti naye maisha yamemwendea kombo, na daktari hajawa. Anayemsaidia mzee ni Chaka-Jo, kijana chotara asiyejua wazazi wake.

Ni hadithi ya uchungu, lakini ukiiangalia unacheka tena. Mzee anaongea na Wabelgiji kama mtu aliyekuja kutembelea ufalme wa jirani. Haombi huruma. Na mwisho wake ni wa hadithi za bibi: baba na mtoto wanarudi nyumbani. Kuna waliosema mwisho huo ni mtamu mno. Mimi nasema mtu aliyeandika filamu kwa watu waliopotezana na watoto wao alijua anachofanya.

Tamasha la FESPACO la mwaka huo lilimalizika Ouagadougou mwanzoni mwa mwezi wa tatu. Jaribu kukumbuka sisi tulikuwa wapi. Vita vya pili vilikuwa vimeanza Agosti 1998. Bukavu na Uvira zilikuwa mikononi mwa RCD. Mauaji ya Makobola, hapa kusini mwetu, ambako mamia ya watu walikufa kati ya tarehe 30 Desemba 1998 na siku za mwanzo za Januari 1999, yalikuwa na miezi miwili tu. Mtoto wa Bukavu ananyanyua tuzo juu, na Bukavu haina hata namna ya kumpigia makofi. Watu wanatafuta unga na kuzika.

Nafikiri njo sababu jina lake halikushuka mpaka kwetu. Nchi ina kumbukumbu kama ya mtu: siku unayozika hukumbuki nani alishinda mchezo.

Kujitegemea maana yake nini?

Tunasema "mtengeneza filamu wa kujitegemea" kama sifa. Lakini kujitegemea kwa nani?

Chukua nchi ya Norwe. Wengi wetu tunaijua kupitia CELPA, maana wamisionari wa Kipentekoste wa Norwe walifika milima yetu, upande wa Kaziba, tangu miaka ya 1920. Nchi hiyo ndogo kwa watu ilipitisha sheria ya kumbi za sinema mwaka 1913, na kutokana nayo manispaa zikaanza kumiliki kumbi zake zenyewe. Mji mdogo wa wavuvi ulikuwa na ukumbi wake kama ulivyo na shule yake. Baadaye, mwaka 1955, wakaanzisha Taasisi ya Filamu ya Norwe. Mtengeneza filamu wa kule akisema anajitegemea, anamaanisha hataki kuwa chini ya kampuni kubwa. Chini ya miguu yake kuna sakafu: mfuko wa taifa, na ukumbi ambamo jirani zake wataiona kazi yake.

Ngangura hakuwa na sakafu hiyo. Pesa zake zilitoka zaidi Ulaya, na anayetoa pesa mara nyingi anakuja na macho yake. Wakati huo huo kumbi za nyumbani zilikuwa zinafungwa. Kinshasa nyingi ziligeuka makanisa. Kwa hiyo mtu aliyesema sinema lazima ipendwe na watu wake alijikuta anatengeneza filamu ambazo watu wake hawana pa kuziangalia. Hilo si kosa lake. Lakini ni jeraha la kazi yake, na mtu akisimulia tuzo bila kutaja jeraha, anadanganya vijana.

Kisangani: njia nyingine

Kizazi kilichofuata kilijibu swali lile lile kwa namna tofauti. Namtaja mmoja tu, Dieudo Hamadi, aliyezaliwa Kisangani mwaka 1984. Alikuwa anasomea udaktari kabla ya kushika kamera. Filamu zake si za kuigiza. Anakaa na watu muda mrefu, mara nyingi kamera anaishika mwenyewe, hasemi kitu juu ya picha, anaacha mambo yajieleze.

*Examen d'État*, ya mwaka 2014, kila mmoja wetu ameiishi. Wanafunzi wa Kisangani wanafukuzwa masomo kwa kukosa pesa ya prime ya walimu, wanaungana kwenye "maquis" kujitayarisha kwa Exetat: wanasoma, wanaomba, wanatafuta njia za mkato. *Maman Colonelle*, ya 2017, inamfuata Kanali Honorine Munyole wa polisi ya kulinda watoto na wanawake, akihamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani. Kiswahili unachokisikia mle ndani ni chetu hiki hiki, na filamu hiyo ilipata tuzo kubwa ya tamasha la Cinéma du réel, Paris.

Halafu mwaka 2020 ikaja *En route pour le milliard*. Watu wa Kisangani waliokatika miguu na mikono katika vita vya siku sita, Juni 2000, pale Rwanda na Uganda zilipopigana ndani ya mji usio wao, wanapanda boti na kushuka mto karibu kilomita 1,700 mpaka Kinshasa kudai fidia. Wanalala chini ya maturubai, mvua inawanyea, wanafika kwenye milango ya wakubwa na milango haifunguki. Filamu hii iliingia kwenye orodha rasmi ya Cannes ya mwaka ule, ya kwanza ya Kongo. Tarehe 9 Februari 2022, Mahakama ya Kimataifa ya Haki ikaiamuru Uganda ilipe Kongo dola milioni 325 kwa madhara ya vita vyake nchini mwetu. Sisemi filamu njo ilileta hukumu. Kesi hiyo ilifunguliwa mwaka 1999. Nasema kwamba pesa hizo zikigawanywa, kuna nyuso ambazo hakuna mtu anayeweza kusema hazikuwepo.

Na hapa kuna kitu kizuri: walemavu wale wa Kisangani wana kikundi cha maigizo. Ndani ya filamu wanacheza jukwaani maisha yao wenyewe. Hamadi, mtu wa ukweli mkavu, ameacha igizo liingie. Ni kama amekutana na Ngangura katikati ya njia. Mmoja alianza na kicheko akafika kwenye uchungu. Mwingine alianza na uchungu akakuta watu hawakubali kuwa uchungu peke yake.

Na sisi wa Uvira?

Nimezunguka Bukavu, Brussels na Kisangani ili nifike nyumbani.

Uvira inaonyeshwa duniani siku za msiba. Aprili 2020 mto Mulongwe ulipofurika na kubeba nyumba za watu, picha zilikwenda mbali. Vita vikipita bondeni, picha zinakwenda mbali. Kamera inafika na maji au na bunduki, inaondoka navyo. Picha hizo ni za kweli, na nisingependa zifichwe. Lakini mtoto wa kesho akitaka kujua mji huu ulikuwa nini, atakuta orodha ya misiba.

Nani amekaa mwaka mmoja na wavuvi wa ndagala wa Kalundu, usiku, taa juu ya maji, mpaka wamzoee na kumsahau? Nani amemfuata mama anayevusha bidhaa Kavimvira, siku mpaka unafunguliwa na siku unafungwa, akamwonyesha anavyohesabu franka za Kongo, za Burundi na dola bila kalamu? Nani amewaketisha wazee Wavira na Wafuliru waeleze habari za bami wao, kama Ngangura alivyofanya kwa Ngweshe, kabla hao wazee hawajaisha? Watafiti wa CRH wamelipima ziwa hili kina chake, samaki wake na maji yake kwa miaka mingi. Watu wa ukingoni bado hawajapimwa kwa upole wa namna hiyo.

Najua jibu: pesa haiko, umeme haupo, usalama ni mdogo, na kutoa kamera barabarani kunaweza kukuletea matatizo na mtu mwenye silaha. Yote ni kweli, na simwambii mtu yeyote ahatarishe maisha yake kwa ajili ya picha. Lakini katika kazi ya Ngangura naona mambo matatu ambayo hayahitaji Brussels.

La kwanza, aliangalia kwanza watu ambao hakuna aliyeona wanastahili kuangaliwa. Chéri Samba alikuwa mchora vibao. Hapa mjini tuna wachora vibao pia.

La pili, hakungoja msiba ndipo apige picha. Alirudi kwao wakati hakuna jambo, na hilo "hakuna jambo" njo limekuwa hazina.

La tatu, aliwaza mtazamaji wa nyumbani hata pale mtazamaji huyo hakuweza kufikiwa. Sisi tunaweza kumfikia. Vyumba vya video viko kila kartie. Simu ziko mifukoni. Kile ambacho kizazi chake kilikikosa, yaani njia ya kurudisha picha kwa mwenye picha, sisi tunacho, ingawa ni kidogo na betri inaisha haraka. Ukimpiga picha mzee wa Kilibula, aione yeye kwanza kabla ya watu wa mbali. Akicheka, umefanya kazi. Akikasirika, mwulize kwa nini, halafu uanze upya.

Baadhi yetu kwenye ukurasa huu tunaandika TFC na memware zitakazokaa kwenye kabati za vyuo mpaka panya wazimalize. Mimi mwenyewe nina masaa kadhaa ya sauti za wazee juu ya mwaka 1964, wakati wa Mulele, pale bonde letu lilipowaka moto. Nilizirekodi kwa ajili ya mitihani tu. Sasa nimeanza kuwarudia wale walio hai, safari hii na picha, na swali la kwanza si la vita tena. Nawauliza walikuwa wanaimba nini kwenye harusi mwaka ule. Wengine wanashangaa, wananiangalia kama mtu aliyepotea njia. Halafu wanaanza kuimba.

Kama katika kartie yako kuna mzee wa namna hiyo, mwandike jina lake kwako leo, na umwombe ruhusa wiki hii. Tuzo ya Ouagadougou inaweza kungoja.